Papa Donatien na Mkono Wenye Udongo

Kuna jambo moja ambalo sijamwambia mtu yeyote. Sijamwambia mama, wala masera, watawa wa shule, wala padri kwenye kitubio, maana dhambi sikuiona ndani yake. Mwaka 1953, mtu aliyemtoa Papa Donatien kwenye kiti chake cha biro, ofisini kwake, na kumvuta kwa mkono hadi Cimpunda, mtaani kwetu, hakuwa Mzungu, hakuwa mganga, wala hakuwa mtu wa matabishi, mwenye hongo mkononi. Nilikuwa mimi. Nimeliandika hapa juu kabisa ili nikifika chini nisipate njia ya kulikimbia.

Sasa nianze kama sherehe ya kumuaga inavyotaka.

Jumanne, tarehe 30 Septemba 1958, Papa Donatien Murhula, karani wa ujenzi katika biro ya cité ya Kadutu, mji wa Waafrika, anaacha kazi baada ya kuitumikia miaka ishirini na saba. Siku hiyo atarudisha funguo, mita ya kupimia, na vijiti vyake vyekundu. Mwavuli hatarudisha, kwa sababu ni wake mwenyewe, ingawa wengi wetu tulidhani serikali iliwatoa pamoja.

Alianza mwaka 1931, mji ulipokuwa ukiitwa Costermansville, akiwa kijana wa kubeba mnyororo wa wapima barabara. Anapenda kusimulia kwamba alizipima njia za Nguba kabla hazijapata majina, na kwamba pale panaposimama leo villa yenye maua kuliko zote, nyuki walimkimbiza hadi akaingia ziwani. Mnyororo aliutupa. Viatu alivishika juu ya kichwa, kwa sababu vilikuwa vipya.

Kwa kuwa alijua kusoma, wakamwingiza biro. Akajifunza kupiga mashine kwa vidole viwili, na hadi leo ni viwili. Kisha Kadutu ikaanza kujaa watu, naye akapewa kazi ambayo hakuna aliyeitaka: kazi ya kukaa katikati ya watu wanaojenga na majirani wasiotaka wajenge.

Yeyote aliyejenga kwetu anaijua kazi hiyo. Mlima wetu ni mkali. Nyumba ya huyu iko juu ya kichwa cha yule, na maji ya huyu yanapita mlangoni mwa yule. Ukiweka tofali la kwanza, jirani anatoka nje kutazama. Ukiweka la kumi, jirani anapanda biro. Na zamani, mtu akifika biro na sauti kubwa, konsei, baraza la cité, ilikuwa inakata maneno papo hapo: isimamishwe! Hapo karani anatumwa na kijiti chekundu. Kijiti kikisimikwa mlangoni mwa nyumba, hakuna fundi anayethubutu kuinua mwiko.

Papa Donatien aliijua nguvu ya kijiti kile, na hakupenda kukitembeza ovyo. Alisema konsei nayo ina parseli yake, kiwanja chenye mipaka. Inaweza kusimamisha nyumba inayojengwa bila otorizasio, yaani kibali. Inaweza kusimamisha nyumba iliyotoka nje ya parseli au nje ya ramani iliyokubaliwa. Inaweza kusimamisha nyumba inayoziba njia au mtaro, au yenye ukuta utakaoangukia watu. Na hata hapo, mwenye nyumba lazima asikilizwe kwanza na aambiwe sababu, na akiisha kutengeneza, kijiti king'olewe. Ikipita hapo, konsei imeingia shamba la watu. Malalamiko ya jirani yanafungua mlango wa kwenda kutazama, basi. Hayajawa ushahidi.

Maneno hayo ni marefu, na watu wenye hasira hawana saa ya kuyasikiliza, kwa hiyo alijitafutia njia yake. Jirani akilalamika, Papa Donatien anachukua mwavuli, wanatembea pamoja hadi kwenye nyumba, na mbele ya huyo anayejenga anamwambia mlalamikaji: "Weka mukono." Maana yake, gusa ubaya wenyewe. Kama ukuta umevuka mpaka, gusa ukuta. Kama mtaro umezibwa, ingiza mkono mtaroni. Mkono ukigusa kitu, karani anakitazama. Mkono ukibaki hewani, kila mtu anarudi kwake.

Njia hiyo imetupatia vicheko vingi. Kuna mzee aliyelalamika kwamba nyumba mpya ya jirani yake inamtazama. "Inanitazama asubui, inanitazama mangaribi, hata nikiwa ku choo!" Papa Donatien akamwambia, "Basi, muzee, weka mukono ku macho yake." Mzee akaizunguka nyumba yote akiipapasa, akarudi amekasirika zaidi: "Imeona weye umekuya, imefunga macho!"

Kuna mama aliyelalamika juu ya kivuli. Ukuta wa jirani ulikuwa unatia kivuli kitanga chake cha kuanikia mihogo. Alikuja biro asubuhi, lakini Papa Donatien alikuwa anamaliza kutunga hotuba, na hotuba zake mnazijua. Walipofika huko jua lilikuwa utosini, na kivuli kimejikunja chini ya ukuta. Mama akauweka mkono pale kilipokuwa asubuhi, akapata jua. "Kivuli yako imeogopa biro, maman," akamwambia. Lakini kesho yake alirudi mapema bila kuitwa, akakiona kivuli kwa macho yake, akamsaidia mama yule kuhamisha kitanga upande wa pili. Kuhamisha kitanga, alisema, hakuhitaji konsei.

Msifikiri alikuwa anawacheka walalamikaji wote. Shemeji wa Chef Grégoire, aliyekuwa mkuu wa cité wakati ule, alijenga ukuta juu ya mtaro wa avenyu, wa mtaa mzima. Aliyekuja kulalamika ni muuza makaa mmoja. Papa Donatien akampeleka na kumwambia aweke mkono. Yule mwanaume akalala matopeni kwa tumbo, akaingiza mkono hadi begani, akatoa tofali la shemeji wa Chef. Kijiti kilisimikwa hapo hapo. Kwa siku nyingi Chef Grégoire hakumsalimia tena Papa Donatien, lakini Papa Donatien hakuona taabu. Walipokutana mlangoni alijifanyia salamu zote mbili: "Bonjour, Chef. Bonjour, Donatien, umelala muzuri?"

Sasa nimefika mahali nilipoambiwa niruke.

Aliyeniomba ukurasa huu ni Papa Théodore, sekretere wa biro, aliyefika kutoka Uvira mwaka jana. Yeye anaandika ule wa Kifaransa. "Colombe, weye fanya ya Kiswahili," aliniambia. "Masera banasema unaandika muzuri kuliko unaongea." Hakunikosea, ni kweli. Kisha akashusha sauti: "Ila ile mambo ya mujane, ya mwaka cinquante-trois, uache tu. Banasema alikula matabishi. Siku ya sherehe hatufunue kidonda." Nikaitika kwa kichwa, kwa sababu kichwa changu kina tabia ya kuitika kabla mimi sijafikiri. Papa Théodore hakujua kwamba mjane huyo ni mama yangu.

Nimeuandika ukurasa huu mara mbili bila mwaka ule. Mara zote mbili ulikuwa kama nyumba yenye kona tatu. Ninaandika kwenye meza ya cherehani, chini ya dirisha, na mtu akipita nje ninaufunika kwa kitambaa ambacho mama anashona. Nimekifunua na kukifunika hadi kimepata madoa ya wino. Basi, nisifunike tena maneno. Haya ndiyo yaliyotokea.

Baba yangu, Xavier, alikuwa dereva wa lori la kahawa, akafa kwenye barabara ya Kalehe. Mama yangu, maman Godelive, alibaki na mimi, na cherehani, na parseli huku Cimpunda. Akapata otorizasio yenye muhuri. Akaanza vyumba viwili kwa matofali mabichi, yale ya udongo uliokaushwa na jua. Matofali hayo yakipata bati juu yake, yatakuzika wewe yabaki. Yakikosa bati, mvua inayageuza uji. Ndiyo maana kwetu kiangazi ni wakati wa mbio. Agosti ikielekea kuisha, kuta zetu zilikuwa zimepita dirisha, na mabati yalikuwa yanangoja chini ya mgomba.

Dirisha ndilo lililoleta vita. Mama alilitaka pana, likitazama njia, apate mwanga wa kushonea. Avenyu ikaona mambo mengine: dirisha pana, njiani, kwa mwanamke asiye na bwana. "Anajenga kabare ya pombe!" Maman Apolline, jirani yetu wa chini, akakusanya watu, wakapanda biro siku ya konsei. Siandiki ubaya juu yake. Bwana yake wakati ule alikuwa anakunywa kasiksi, pombe ya ndizi, hadi anabisha hodi kwenye nyumba isiyo yake, na watoto walikuwa wadogo. Woga wake ulikuwa wa kweli. Aliupeleka tu kwenye mlango usiokuwa wake.

Siku hiyo Bwana Administrateur, Mzungu mkuu wa serikali, alikuwa amekuja kutembelea biro. Papa Donatien alikuwa na kofia mpya kichwani na hotuba mfukoni. Uani watu wanapiga kelele, ndani Chef Grégoire anataka kelele ziishe kabla Bwana hajauliza ni za nini. Konsei ikakata: isimamishwe. Mama hakuitwa. Na Papa Donatien, aliyemwambia kila mtu aweke mkono, siku hiyo hakumwambia mtu. Alishuka mbio, akasimika kijiti chekundu mlangoni mwetu, akapanda tena mbio kusoma hotuba. Simfichui, kosa hilo yeye mwenyewe analisimulia kwa vijana wa biro. "Kofia ilikuwa juu ya kichwa," anasema, "kisha ikaingia ndani."

Mafundi wakalaza miko, wakaenda kutafuta kazi pengine. Mama akafunika kuta kwa majani ya migomba. Lakini mwaka ule mvua haikungoja. Ilikuja alasiri moja, Septemba imeanza tu, na upepo wa ziwani ukabeba majani yote. Kona ya upande wa chini ikalainika, ikainama, ikakaa chini kama mtu aliyechoka. Mama alipiga magoti mbele yake, akawa anakusanya udongo kama mtu anayekusanya unga uliomwagika. Hakulia. Alisema tu, "Mvua ingine moja, tumeisha."

Kesho yake sikwenda shule. Nilikwenda biro. Nilikuwa na miaka kumi na mmoja, na njia nzima nilikuwa natayarisha maneno, kwa Kiswahili na kwa Kifaransa, ili lugha moja ikikataa nishike nyingine. Nikafika mlangoni, Papa Donatien akainua macho, lugha zote mbili zikanikimbia.

"Mutoto, uko na kiu?"

Kimya.

"Umepotea? Nani alikutuma?"

Akanipa maji. Nikayanywa kwa kukosa la kufanya. Kisha nikafanya jambo ambalo mtoto hamfanyii mzee. Nikamshika mkono, nikamvuta.

Angeweza kunifukuza. Aliutazama mkono wake ndani ya wangu, akaokota mwavuli, akafuata. Kwa sababu ya kuogopa macho ya watu nilimpitisha njia ya nyuma, ya migombani, ambako hata mbuzi wanateleza. Ile kofia mpya ikakamatwa na tawi, ikabaki nyuma inaning'inia, naye hakuniomba tusimame.

Nyumbani hapakuwa na mtu. Mama alikuwa amekwenda kuomba majani kwa watu. Nikauchukua mkono wa Papa Donatien, nikauweka kwenye jiwe la mpaka. Akatazama jiwe, akatazama ukuta, na ukuta ulikuwa ndani, mbali. Nikamvuta hadi kwenye mtaro. Akakunja shati, akaingiza mkono, maji yakapita kati ya vidole. Hapo akaelewa, akanitazama.

"Ah," akasema polepole. "Unaniwekesha mukono."

Baada ya hapo sikumvuta tena. Alikwenda mwenyewe. Akausukuma ukuta kwa kiganja, haukutikisika. Akapapasa dirisha, juu, chini, pembeni, kama mtu anayetafuta kabare iliyojificha ndani. "Dirisha," akasema. "Ni dirisha tu." Halafu akafika kwenye kona iliyoanguka. Akauweka mkono. Udongo mbichi ukamshika hadi kwenye kifundo cha mkono, na alipouinua ulikuwa umeivaa rangi ya nyumba yetu.

Ulikuwa ubaya pekee wa kugusika katika parseli nzima, na aliyeuleta ni biro. Papa Donatien hakuupangusa ule udongo.

Ndipo lugha moja ikanirudia. Nikasema, "Papa, usiseme ni miye." Niliogopa mama atanipiga kwa kumkokota mzee. Zaidi ya fimbo, niliogopa kidole cha watu: yule pale, ndiye huyo. Papa Donatien akanijibu kana kwamba naye ni wa umri wangu: "Sitasema."

Siku hiyo hiyo alimbembeleza Chef Grégoire hadi akaita watu wa konsei. Mama akaitwa, maman Apolline akaitwa, na avenyu nzima ikaja bila kuitwa. Mimi nilikuwa nje chini ya dirisha la biro, kati ya watoto wengine, na nilisikia yote. Papa Donatien aliingia bila kofia, na ule udongo umekauka mkononi.

"Donatien," Chef Grégoire akasema, "enda kunawa kwanza."

"Chef, nikinawa, mutaniuliza ubaya iko wapi. Iko hapa." Akainua mkono. "Nilitafuta mu parseli ya maman Godelive muzima. Sikupata ingine. Hii ni ukuta yake yenye mvua imebomoa, juu sisi tulifukuza mafundi."

"Avenyu muzima ililalamika!"

"Avenyu muzima ilisema. Hakuna hata mumoja aliweka mukono, na mimi sikumuomba. Kosa ni yangu."

"Konsei imeisha kata. Konsei hairudie matapishi yake."

"Chef, otorizasio maman iko nayo, nilipiga muhuri mimi. Mupaka haukuvuka. Mutaro inapita. Ukuta haitaangukia mutu. Kama hakuna kimoja ya ile, tulisimamisha na sheria gani? Leo ni konsei ndio inajenga bila otorizasio."

Watu wakacheka, hata mzee mmoja wa konsei akacheka ndani ya kiganja. Maman Apolline hakucheka. Alisimama, akauliza: "Na akiuza pombe? Bwana yangu atapita pale kila siku. Weye Donatien utakuya kumubeba?"

Papa Donatien akamgeukia kwa upole ambao sijausahau. "Maman Apolline, siku ataomba ruhusa ya kuuza pombe, kuja hapa. Mimi mwenyewe nitakupa kiti ya mbele, na konsei itakusikiliza, juu ile ndio kazi yake. Lakini leo anajenga dirisha. Dirisha hailewese mutu."

"Ninataka tu mwangaza," mama akasema. Ndiyo mara ya kwanza konsei kumsikia. "Macho yangu inaumwa na kushona mu giza."

Maman Apolline akamtazama mama, akakaa chini. Na Chef Grégoire, bila kuinua uso, akasema, "Basi. Enda kung'oa kijiti yako."

Huko mlangoni mwetu kijiti kilikataa kung'oka. Papa Donatien alikuwa amekisimika vizuri mno, kama anavyosimika vyote. Alivuta, akazungusha, akavuta, akaanguka nacho kwa matako mbele ya avenyu nzima. Akainuka, akajipangusa, akasema mbele ya wote, "Maman Godelive, biro ilikukosea. Utusamehe." Sisi tulingoja mama aseme ahsante, au koko, ambayo ni ahsante ya Kishi, kama mwanamke mstaarabu. Mama akainama, akaokota tofali, akamtia mkononi.

"Pole haiezeke nyumba, papa. Kamata."

Papa Donatien akavua tai. Akajenga ile kona mwenyewe, mafundi wakimpa matofali na kumficha vicheko vyao. Jioni ikaonekana wazi kwamba imepinda. Inainama kidogo kuelekea kwa maman Apolline, kana kwamba inamwomba radhi yeye pia. Fundi alitaka kuibomoa. Mama akakataa: "Acha. Ile ni sinyatire yake," yaani sahihi yake. Kesho yake mabati yakapanda, na usiku mvua ikanyesha juu yake. Sijasikia ngoma tamu kama ile.

Kabare haikufunguliwa. Kwa mwanga wa dirisha lile mama amewashonea wasichana wa avenyu nguo za komunyo ya kwanza, pamoja na watatu wa maman Apolline, ambaye siku hizi anakaa kwetu kuliko anavyokaa kwake.

Lakini cité haipendi jambo lisilo na sababu. Kwa nini karani amgeukie Chef wake kwa ajili ya mjane? Wengine walisema Bwana Administrateur alimkaripia. Wengine walisema ule udongo wa mkononi ulikuwa dawa ya mama. Wengi wakasema matabishi. Chef Grégoire alimuuliza mbele ya biro nzima, "Nani alikupeleka Cimpunda?" Akajibu, "Mukono yangu." Hakuna aliyeamini. Mwaka uliofuata nafasi ya mkuu wa kazi za ujenzi ikawa wazi, na kila mtu alijua ni ya Papa Donatien. Ikapewa mtu mwingine, asiye na maneno nyuma yake.

Neno moja lingemsafisha: mtoto. Wangekuja kuniuliza, ningeonyesha jiwe, mtaro na kona, na uvumi ungekufa siku hiyo. Hakulisema. Tukikutana njiani aliinua kofia kidogo, kama anavyowafanyia watu wakubwa, akapita. Mimi nilidhani maneno ya matabishi ni mzaha wa sokoni. Nimejua uzito wake siku Papa Théodore aliposhusha sauti. Papa Donatien ameubeba miaka yote hii kwa sababu mtoto mmoja mwenye haya alimwomba, naye alisema sitasema.

Basi nimesema mimi. Hakula chochote kwa mjane, ila chakula cha mafundi, sombe na bugali, siku ile ya kona, na alisema chumvi ilizidi.

Kazi zake nyingine Papa Théodore amezipanga vizuri katika ukurasa wa Kifaransa: mitaro ya Cimpunda, njia za ngazi, vijana aliowafundisha kupima. Hapa nitaje moja tu. Baada ya mwaka ule hakupumzika hadi konsei ilipofanya sheria yake yenyewe kile kilichokuwa desturi ya karani mmoja: kijiti chekundu hakitoki biro mpaka aliyelalamika ameweka mkono, na anayejenga amesikilizwa. Chef Grégoire ndiye aliyekuwa wa kwanza kuinua mkono kukubali. Siku hiyo Papa Donatien alipofika mlangoni akaambiwa, "Bonjour, Donatien," na kwa mara ya kwanza baada ya muda mrefu alijibu salamu moja tu.

Sasa anakwenda Kalehe, kwenye kahawa yake na mbuzi wake. Maman Rosalie, mke wake, ametuomba tumwandikie mapema kwamba huko hakuna konsei wala watu wa kusikiliza hotuba. Mbuzi watavumilia.

Wafanyakazi wote wa biro wanamshukuru. Avenyu yetu inamshukuru. Watu waliolala chini ya bati kwa sababu yeye aliuliza ubaya uko wapi wanamshukuru, hata wale wasiojua kwamba aliuliza. Papa Donatien, uende na amani, uishi siku nyingi zenye mvua ya kiasi, na kila mlango utakaobisha huko Kalehe ufunguke kabla hujakunja mwavuli.

Mvua kubwa ya kwanza baada ya kiangazi imekatika sasa hivi. Kila mwaka ikikatika anashuka kuja kuitazama kona yake. Anaipapasa na kusema, "Iko inasimama," na mama anamjibu kutoka ndani, "Inasimama, lakini haijanyooka." Nasikia mwavuli unagonga mawe ya njia. Kitambaa kiko hapa karibu, kingetosha kuufunika ukurasa wote. Nimekikunja, nimekiweka chini ya cherehani. Nyayo zimepita jiwe la mpaka, zimevuka mtaro, zimesimama kwenye kona. Sasa ziko mlangoni. Ukurasa uko wazi juu ya meza, wino haujakauka, na maneno ninayo, machache, kwa lugha moja tu:

Karibu, Papa. Weka mukono hapa.